Uwakili na Uwakilishi: C. M. G. Argwings-Kodhek Mahakamani na Katika Siasa

Utangulizi

Neno wakili liliingia katika Kiswahili kutoka Kiarabu likiwa na maana pana kuliko ile inayojulikana leo katika ujia wa mahakama. Wakili ni mtu aliyepewa idhini ya kutenda au kusema kwa niaba ya mwingine. Mfanyabiashara wa pwani aliyesafiri aliacha wakili wa kumkusanyia madeni; bwana harusi aliyekuwa ng'ambo aliweza kuoza kwa wakili. Kutokana na mzizi huohuo lugha imepata wakala, wakilisha, mwakilishi na uwakilishi. Huko Zanzibar, chombo cha kutunga sheria chenyewe huitwa Baraza la Wawakilishi. Kwa hiyo, msemaji wa Kiswahili anaposema kwamba wakili fulani amekuwa mbunge, kwa upande wa maana hajamhamisha mtu huyo mbali sana. Amemtoa katika tawi moja la mti na kumweka katika tawi jingine.

Makala haya yanafuatilia maisha ya mtu aliyevuka kati ya matawi hayo mawili nchini Kenya wakati wa ukoloni. C. M. G. Argwings-Kodhek alikuwa Mwafrika wa kwanza kufanya kazi ya uwakili nchini, akawa kiongozi wa chama cha siasa cha wilaya, na hatimaye mbunge wa nyumbani kwao Gem. Habari zake husimuliwa mara nyingi kama habari za ushujaa, na ushujaa ulikuwepo. Hata hivyo, kuna jambo jingine ambalo masimulizi hayo hulipita haraka. Katika kila hatua ya maisha yake, sheria ileile iliyompa ruhusa ya kusema ndiyo iliyoamua amsemee nani, mbele ya nani, na mpaka wake uwe wapi. Hilo ndilo linalochunguzwa hapa.

Wakili Asiye na Kijiji

Katika makoloni mengine ya Waingereza, wakili mwenyeji alikuwa mtu wa kawaida kabla ya karne ya ishirini kuanza. Kule Gold Coast, ambayo leo ni Ghana, John Mensah Sarbah aliidhinishwa kuwa wakili mwaka 1887, akaandika kuhusu sheria za jadi za Wafante na kuingia katika baraza la kutunga sheria la koloni. Katika miji ya Afrika Magharibi, vizazi viwili vitatu vya mawakili vilipita kabla ya uhuru. Wakili wa namna hiyo aliandika wasia, alipima mipaka ya shamba kwa maneno, aliwapatanisha ndugu waliogombania urithi, na watu walipotafuta wa kuwatuma barazani walimtazama yeye kwanza. Siasa yake ilitokana na faili zake.

Kenya haikuwa na mtu wa aina hiyo. Sababu zilikuwa kadhaa, na mojawapo haitajwi vya kutosha. Serikali ya kikoloni ilizigawa mahakama katika mifumo miwili. Upande mmoja palikuwa na mahakama za mahakimu na Mahakama Kuu, zilizofuata sheria za Kiingereza na zile za koloni. Upande wa pili palikuwa na mabaraza ya wenyeji vijijini, ambayo kuanzia mwaka 1951 yaliitwa mahakama za Waafrika. Humo ndimo zilimosikilizwa kesi za ardhi, mahari, mifugo na urithi, yaani takriban mambo yote yaliyomgusa Mwafrika wa kawaida. Mawakili hawakuruhusiwa kusimama mbele ya mahakama hizo. Maelezo yaliyotolewa yalikuwa kwamba wazee wanaijua mila yao na kwamba wakili angewachanganya. Huenda palikuwa na chembe ya ukweli ndani yake. Lakini matokeo yalikuwa kwamba hata kama Mwafrika angesomea sheria, pale kijijini ambapo angehitajika zaidi ndipo mlango ulipofungwa. Mifumo hiyo miwili haikuunganishwa hadi mwaka 1967, miaka minne baada ya uhuru.

Sababu ya pili ilikuwa ya masomo. Makerere haikufundisha sheria, na serikali haikupenda kuwapa Waafrika ufadhili wa kusomea taaluma hiyo ng'ambo. Ualimu, udaktari wa mifugo, kilimo, ustawi wa jamii: hayo yalikubalika. Mwanasheria, kwa upande mwingine, hakuhitaji mshahara wa serikali, na alikuwa na haki ya kuisimamisha serikali hiyohiyo mbele ya jaji. Kitivo cha kwanza cha sheria katika Afrika Mashariki kilifunguliwa Dar es Salaam mwaka 1961. Kabla ya hapo, uwakili nchini Kenya ulikuwa kazi ya Wazungu na Wahindi. Ikumbukwe kwamba mawakili wa Kihindi, akiwemo A. R. Kapila na Fitz de Souza, ndio waliobeba mzigo mkubwa wa kuwatetea Waafrika katika miaka ya 1950. Ni deni ambalo historia ya taifa bado hulitaja kwa sauti ndogo.

Kutoka Gem hadi London

Argwings-Kodhek alizaliwa Gem, Nyanza ya Kati, mwanzoni mwa miaka ya 1920. Gem ilikuwa na sifa ya kupenda elimu, sifa inayohusishwa na chifu Odera Akang'o, ambaye baada ya kuona shule za Uganda alirudi na kuwalazimisha watu wake wawapeleke watoto shuleni. Kijana huyo alipitia shule za misheni, akasoma Makerere, kisha akafundisha kwa miaka kadhaa. Mwaka 1947 alipata ufadhili wa kwenda Uingereza kusomea masuala ya jamii katika chuo kikuu cha Cardiff, Wales.

Alipofika huko alibadilisha mkondo. Alijiunga na Lincoln's Inn, mojawapo ya asasi za London zinazowaandaa mawakili, na mwaka 1951 akaidhinishwa. Hatua hiyo ilikwenda kinyume na matakwa ya waliomtuma, na hapa msomaji anaweza kutua kidogo. Serikali ilikuwa imemtuma arudi na elimu ya kuwahudumia watu. Yeye alirudi na elimu ya kuwasemea. Kati ya vitenzi hivyo viwili kuna umbali ambao maafisa wa koloni waliuelewa vizuri.

Aliporudi mwaka 1952 alipewa nafasi katika ofisi ya Mkuu wa Sheria, kwa mshahara ulio chini ya ule wa Mzungu mwenye sifa zilezile. Aliikataa na kufungua ofisi yake mwenyewe. Nyumbani nako hakukuwa na raha. Mkewe alikuwa Mzungu kutoka Ireland, na Nairobi ya siku hizo iligawa makazi kwa rangi. Mume hakuruhusiwa kuishi katika mtaa wa mke, na mke hakutarajiwa kuishi katika mtaa wa mume. Kwa hiyo wakili huyo hakuhitaji kusubiri mteja amletee kesi ya ubaguzi, kwani ilikuwa ikimngoja mlangoni kila jioni.

Jambo moja kuhusu kazi yenyewe lafaa kufafanuliwa. Uingereza huigawa taaluma hii kwa watu wawili. Kuna wakili anayempokea mteja ofisini, kumsikiliza na kuandaa nyaraka, na kuna yule anayevaa joho na kusimama mbele ya jaji wa mahakama za juu. Nchini Kenya kazi hizo mbili zilikuwa za mtu mmoja. Argwings-Kodhek alisomea ile ya joho, lakini Nairobi ilimpa zote mbili. Aliwasikiliza jamaa za waliokamatwa na pia akazungumza na jaji. Mtu anayefanya kazi zote mbili husikia mambo mengi ambayo hayafiki katika kumbukumbu za mahakama.

Kiapo na Mkalimani

Tarehe 20 Oktoba 1952 Gavana Evelyn Baring alitangaza hali ya hatari. Viongozi wa Kenya African Union, akiwemo Jomo Kenyatta, walikamatwa usiku huohuo. Mwaka uliofuata chama chenyewe kilipigwa marufuku. Hivyo basi, mwaka wa kwanza wa kazi ya wakili wa kwanza Mwafrika ulikuwa pia mwaka ambao sheria ya kawaida ilianza kuwekwa kando.

Kuanzia mwaka 1953 palianzishwa mahakama maalumu za hali ya hatari ili kuharakisha kesi za Mau Mau. Orodha ya makosa yaliyoadhibiwa kwa kifo ilirefushwa: kupatikana na bunduki au risasi, kuandamana na wapiganaji, na kulisha watu kiapo. Mwanahistoria David Anderson, katika kitabu chake cha mwaka 2005, alihesabu watu 1,090 walionyongwa kutokana na kesi za Mau Mau. Wengi wao walitetewa na mawakili walioteuliwa na kulipwa ada ndogo na serikali. Ni katika mazingira hayo Argwings-Kodhek alipowatetea washtakiwa wa Mau Mau, na walowezi wakampa jina la wakili wa Mau Mau. Walikusudia kumtusi. Katika mitaa ya Waafrika tusi hilo lilipokelewa kama cheo.

Mwanafunzi wa lugha atavutiwa na hali ya mahakama yenyewe. Jaji alizungumza Kiingereza. Mshtakiwa kwa kawaida alizungumza Kigikuyu. Lugha ya kwanza ya wakili huyu ilikuwa Dholuo. Kati ya jaji na mshtakiwa alisimama mkalimani, na neno la mtu aliyekabiliwa na kitanzi lilifika kwenye daftari la jaji likiwa limekwisha kupita katika kinywa cha mwingine. Mlowezi wa Kizungu aliyeshtakiwa kwa kosa kubwa alikuwa na haki ya kuhukumiwa na baraza la Wazungu wenzake. Mwafrika hakuwa na haki hiyo. Jaji alikaa na wazee wa baraza, ambao ushauri wao hakulazimika kuufuata.

Uzito wa ukalimani ulijitokeza wazi katika kesi ya Kapenguria, iliyomkabili Kenyatta na wenzake watano kuanzia Desemba 1952. Mkalimani wa awali alikuwa Louis Leakey, mtaalamu wa mambo ya kale aliyekulia miongoni mwa Agikuyu na aliyekijua Kigikuyu kama mwenyeji. Umahiri wake haukutiliwa shaka. Upande wa utetezi ulilalamika kwamba alikuwa ameandika dhidi ya Mau Mau na kwamba hakuwa wa kuaminiwa katika kesi hiyo, naye akajiondoa. Wanafunzi wa tafsiri na ukalimani wanaodhani kwamba umilisi wa lugha mbili hutosha wangefaidika kwa kuisoma kesi hiyo.

Lipo pia suala la neno kiapo. Kila shahidi alikula kiapo kabla ya kutoa ushahidi. Jaji alikuwa amekula kiapo cha utiifu kwa Malkia. Mshtakiwa naye alishtakiwa kwa kula au kulisha kiapo. Kiswahili kina neno moja tu kwa mambo hayo yote, na kitenzi ni kilekile: kula. Kiingereza cha mashtaka kilijitahidi kutenganisha kiapo halali na kiapo haramu kwa kurundika vivumishi, lakini mzee aliyesikiliza mashtaka yake kwa Kiswahili au kwa lugha ya mama huenda aliona jambo sahili zaidi. Waliokula kiapo kimoja walikuwa wakiwahukumu waliokula kingine. Nomino moja ilikuwa na uzito wa kisiasa kuliko kurasa nyingi za hoja.

Wakili katika mahakama hizo alifanya nini hasa? Alihoji mashahidi, alitafuta kasoro katika hati ya mashtaka, aliuliza maungamo yalipatikanaje, alikata rufaa. Mara chache alifaulu. Mara nyingi sheria yenyewe ilikuwa imeandikwa ili asifaulu, kwa maana aliyekutwa na risasi moja mfukoni alikuwa na hatia ya kifo, na ufasaha wa wakili haukuweza kuitoa risasi hiyo mfukoni. Yeyote aliyefanya kazi katika mazingira hayo kwa miaka mitatu alilazimika kukubali kwamba tatizo halikuwa jinsi sheria ilivyotumiwa. Lilikuwa katika chumba ambamo sheria ilitungwa, na Mwafrika aliyechaguliwa na Waafrika wenzake hakuwa amewahi kuingia humo.

Siasa Zilizofungiwa Wilayani

Mwezi Juni 1955 serikali iliruhusu Waafrika waunde tena vyama vya siasa, kwa sharti kwamba kila chama kisivuke mipaka ya wilaya moja. Mkoa wa Kati ulinyimwa hata ruhusa hiyo. Mantiki ya serikali ilieleweka: chama cha nchi nzima kilikuwa kimekwisha kupigwa marufuku, na hakuna aliyetaka kingine. Siasa iliruhusiwa mradi iwe ndogo.

Argwings-Kodhek aliomba kusajili chama alichokiita Kenya African National Congress. Maafisa walilikataa jina hilo. Neno la taifa lilikuwa kubwa kuliko wilaya. Mwaka 1956 chama kilisajiliwa kwa jina la Nairobi District African Congress. Mtu aliyekusudia kuisemea nchi akawa, kwa amri ya msajili, mwanasiasa wa wilaya. Ni vigumu kupata mfano bora wa jinsi jina linavyoweza kukatwa ili limtoshe mtu ambaye halimtoshi.

Kwa nini Nairobi, na kwa nini mtu wa Gem? Jibu limo katika matukio ya Aprili 1954, wakati majeshi yalipouzingira mji katika operesheni iliyoitwa Anvil, na maelfu ya Agikuyu, Aembu na Ameru wakapelekwa kizuizini. Mji uliobaki ulikuwa na pengo katika ajira, katika vyama vya wafanyakazi na katika uongozi. Waliolijaza ni watu wa Nyanza, Waluhya, Wakamba na wengineo. Wakili wa Mau Mau, ambaye mwenyewe hakuwa Mgikuyu, alikuwa katika nafasi ya pekee. Aliweza kusema hadharani yale ambayo waliokuwa Manyani na Mackinnon Road hawakuweza kuyasema.

Kisha ukaja uchaguzi wa Machi 1957, wa kwanza ambao Waafrika wa Kenya waliwachagua wawakilishi wao katika Baraza la Kutunga Sheria. Viti vilikuwa vinane tu. Haki ya kura iligawanywa kwa vipimo vya elimu, mapato, mali, umri na utumishi, na mtu aliyetimiza vipimo vingi aliweza kuwa na kura hadi tatu. Mwalimu mwenye shahada aliweza kupiga kura tatu siku hiyo, na jirani yake mkulima asipate hata moja. Zaidi ya hayo, Mgikuyu, Mwembu au Mmeru hakuweza kupiga kura bila cheti cha uaminifu kilichoonyesha kwamba alikuwa upande wa serikali.

Athari ya sharti hilo kwa Argwings-Kodhek haijasisitizwa inavyostahili. Watu aliowatetea kwa miaka minne, pamoja na wake, kaka na watoto wao, ndio hasa walioondolewa katika daftari la wapiga kura. Waliomhitaji zaidi mahakamani hawakuwa na jinsi ya kumtuma barazani. Wakili alikuwa na wateja wengi, na mgombea alikuwa na wapiga kura wachache.

Mpinzani wake alikuwa Tom Mboya, kijana wa miaka 26 aliyerudi kutoka Oxford miezi michache tu kabla ya uchaguzi. Wasomaji wa leo, waliozoea kuuelewa kila uchaguzi wa Kenya kwa kipimo cha kabila, wazingatie kwamba wote wawili walikuwa na asili ya Nyanza. Tofauti yao ilikuwa ya mahali walikosimama. Mboya aliongoza shirikisho la vyama vya wafanyakazi, na mfanyakazi mwenye ajira ya kudumu mjini alikuwa na nafasi nzuri zaidi ya kutimiza masharti ya kura kuliko mama wa mtu aliyekuwa kizuizini. Mboya alikuwa na mtandao wa watu walioweza kupiga kura. Argwings-Kodhek alikuwa na heshima ya watu wasioweza. Mboya alishinda kwa tofauti ya mamia machache ya kura, na baadaye mwaka huohuo akaanzisha chama chake cha Nairobi kilichokifunika kile cha wakili.

Ingekuwa rahisi kusema kwamba kijana alikuwa na kipaji zaidi, na watu wengi wamesema hivyo. Mboya kweli alikuwa mratibu asiye na mfano. Hata hivyo, kura ile haikuwa mizani ya vipaji pekee. Ilikuwa na masharti, na masharti hayo yalimwadhibu mgombea mmoja kwa sababu ya kazi yake ya awali.

Amri ya vyama vya wilaya iliondolewa mwaka 1960, hali ya hatari ilipokwisha. Kufikia wakati huo kila wilaya ilikuwa na chama chake, mwenyekiti wake na hofu zake. KANU na KADU, vilivyoundwa mwaka huo, vilijengwa kwa kuunganisha vipande hivyo. Wanahistoria wengi wameona katika miaka hiyo mitano chanzo kimojawapo cha mazoea ya siasa za Kenya ambapo kiongozi huthibitisha uzito wake kwanza nyumbani kwao. Argwings-Kodhek, aliyeanza kwa kuomba jina la taifa, naye aliufuata mkondo huo.

Kurudi Gem

Mwaka 1963 alichaguliwa kuwa mbunge wa Gem. Hata jina lake lilikuwa limekwisha kurudi nyumbani. Herufi C. M. G., ambazo kwa ubatizo zilisimamia Clement Michael George, zilipewa tafsiri mpya kwa Dholuo, na watu wakamwita Chiedo More Gem. Jina la eneo lake likawa sehemu ya jina lake mwenyewe.

Katika bunge hilo alizungumza Kiingereza, kama wenzake wote. Katiba ya uhuru ilimtaka mbunge awe na uwezo wa kukisema na kukisoma Kiingereza, na Kiswahili hakikuruhusiwa katika mijadala ya bunge hadi mwaka 1974. Kwa hiyo mpiga kura wa Gem, kama mshtakiwa wa miaka ya hamsini, alisemewa katika lugha ambayo pengine hakuifahamu. Mahakama nazo hazikwenda mbali. Kanuni za mwenendo wa kesi za jinai zimeendelea kuifanya lugha ya Mahakama Kuu kuwa Kiingereza na kuruhusu Kiswahili katika mahakama za chini, ingawa katiba ya mwaka 2010 imezipa lugha hizo mbili hadhi sawa ya lugha rasmi na kumhakikishia mshtakiwa mkalimani asiyelipiwa.

Mwaka 1966 Jaramogi Oginga Odinga alijiuzulu umakamu wa rais na kuongoza KPU, na sehemu kubwa ya Nyanza ya Kati ikamfuata. Argwings-Kodhek alibaki KANU. Uamuzi huo ulimweka mahali pagumu: wakili wa Mau Mau sasa alikuwa upande wa serikali, na wengi wa watu wake walikuwa upinzani. Alipanda ngazi hadi kuwa Waziri wa Mambo ya Nje, akisemea nchi nzima mbele ya mataifa, wakati eneo bunge lake lilikuwa likiegemea kwingine.

Alifariki tarehe 29 Januari 1969 jijini Nairobi. Taarifa rasmi ilieleza kwamba ni ajali ya gari. Minong'ono ilianza mara moja, ikaongezeka baada ya Mboya, aliyemshinda miaka kumi na miwili kabla, kuuawa kwa risasi tarehe 5 Julai mwaka huohuo. Wahenga wamesema lisemwalo lipo, lakini methali haijawahi kuwa ushahidi mahakamani, na marehemu angekuwa wa kwanza kulisema hilo.

Uchaguzi mdogo wa Gem ulifanyika mwezi Mei 1969. Kiti kilichukuliwa na Wasonga Sijeyo wa KPU, na KANU ikaangushwa katika eneo la waziri wake. Ushindi huo haukudumu. Mwezi Oktoba KPU ilipigwa marufuku, na mbunge mpya wa Gem akatiwa kizuizini bila kufikishwa mahakamani.

Barabara ya Hurlingham jijini Nairobi ilibadilishwa jina na kuitwa Argwings Kodhek. Mtaa unaopitiwa na barabara hiyo bado unaitwa Hurlingham.